Natalie Dessay: kwa nini aliacha opera?

Sauti_ya_Kwanza: Wakuu, mimi mwanakwaya tu. Nimeona video ya huyu mwimbaji Mfaransa, Dessay, anapiga pasi, anamenya viazi, na bado anaimba noti za juu kabisa! Kisha nasikia aliacha. Sauti iliisha?

MzeeRedio: Hiyo ni opera ya La Fille du régiment, iliyoongozwa jukwaani na Laurent Pelly, London 2007. Na hapo alikuwa ameshafanyiwa upasuaji wa nyuzi za sauti mara mbili! Kina dada wa kwaya mnaopiga kelele bila kupasha sauti, mpo?

Nyuma_ya_Pazia: Haikuisha, mkuu. Dessay, mzaliwa wa Lyon 1965, alitaka uigizaji tangu ujana. Kuimba kulikuja baadaye. Soprano nyepesi kama yake, yaani sauti ya kike ya juu kabisa, hupewa nafasi za wasichana wadogo, kama Olympia, yule mwanasesere wa opera ya Hoffmann, na wenzake. Ukikaribia miaka 50 unachoka kuwa binti. Akaaga na opera ya Manon, mjini Toulouse, 2013, akahamia tamthilia na nyimbo za mtunzi Michel Legrand. Binafsi namkubali zaidi kwa uigizaji.

Sauti_ya_Kwanza: Asanteni. Sasa hiyo Manon naipata wapi?