Sheria za msingi zipo chini tu? Tujadili mashine ya CERN ya kilomita 91

Mleta mada:
Wakuu, CERN, kile kituo cha utafiti wa chembe kilichopo Geneva, kinapanga handaki jipya la kilomita 91 hivi la kugonganishia chembe. La sasa lina kilomita 27, na ndilo lililofichua chembe ya Higgs, ile inayohusishwa na chembe nyingine kuwa na uzito, mwaka 2012. Makadirio ya hatua ya kwanza ni faranga za Uswisi bilioni 15 hivi, nyingi zikiwa kodi za watu. Hoja ninayoisikia kila mara ni kwamba chini kabisa, kwenye chembe ndogo, ndiko ziliko sheria za msingi, na mengine yote ni hesabu tu.

Hapo nakataa. Mwaka 1911 mwanafizikia Heike Kamerlingh Onnes alipoza zebaki hadi karibu nyuzi 269 chini ya sifuri, ikaanza kupitisha umeme bila ukinzani wowote. Mwaka 1926 mwanafizikia Schrödinger akatoa mlinganyo wa mwenendo wa elektroni. Yaani sheria ya chini ilishapatikana! Lakini maelezo ya zebaki ile yalisubiri hadi 1957, wanafizikia Bardeen, Cooper na Schrieffer walipoonyesha kuwa elektroni hizo hushikamana mbili mbili. Ilihitajika fikra mpya, ya ngazi ya juu. Mwaka 1986 zikapatikana kauri zinazofanya hivyohivyo bila kuhitaji baridi kali kiasi kile, na wataalamu wanabishana hadi leo ni kwa nini. Elektroni ni zilezile.

Kwenye kompyuta ni hivyohivyo. Chukua mchezo wa vijumba vya mraba wa mwanahisabati John Conway, wa 1970: kijumba hai kikiwa na majirani hai 2 au 3 kinabaki hai, kilichokufa kikipata 3 kamili kinafufuka. Basi. Ila ndani yake unaweza kuunda kompyuta kamili, na tangu mwanahisabati Alan Turing, 1936, tunajua hakuna kanuni ya jumla ya kutabiri kama kila programu itafika mwisho, hata ukijua sheria zake zote za chini.

Mchangiaji:
Mkuu, unachanganya kutabiri na kueleza. Mwanafizikia wa chembe Steven Weinberg alishalisema hili: uliza "kwa nini" tena na tena, majibu yanashuka chini. Elektroni inaeleza kemia, kemia haielezi elektroni. Halafu kumbuka Texas. Mwaka 1993 Bunge la Marekani lilifuta mashine ya kugonganisha chembe ya kilomita 87 iliyokuwa ikijengwa huko wakati dola bilioni 2 hivi zimeshatumika, na Philip Anderson, mwanafizikia bingwa wa hoja yako hii, alikuwa ameipinga mbele ya wabunge. Nionyeshe maabara ya kuchunguza vyuma na kauri kama hizo zako iliyojengwa kwa pesa "iliyookolewa".

Mleta mada:
La bajeti nakupa nusu. Wanasiasa hawahamishii pesa unakotaka wewe. La Weinberg silikubali. Maji yaliyo kwenye joto na shinikizo ambapo tofauti ya maji na mvuke inatoweka, na aina fulani ya sumaku inayokaribia kupoteza nguvu kwa joto, hubadilika kwa kufuata namba zilezile, ingawa chembe zake hazifanani hata kidogo. Mwanafizikia Kenneth Wilson alieleza sababu, akapewa Nobeli 1982. Badilisha chembe za chini, sheria inabaki. Sasa sheria hiyo ni ya chembe zipi?

Na sumaku za handaki la sasa zinafanya kazi kwa umeme uleule usio na ukinzani. Anayetaka bilioni 15 kwa jina la "msingi" anieleze kwa nini fizikia iliyozitengeneza sumaku zake iitwe matumizi tu.

Mchangiaji wa pili:
Mimi ningejenga, lakini neno "msingi" ningelifuta kwenye ombi. Waseme wazi: hatujui kuna nini huko, tunataka kuangalia.