Nahodha aliuza mechi? Jaipal Singh Munda na chama alichokivunja mwaka 1963

Wanajamvi, salaam.

Mada ninayoleta ni ya nchi ya mbali, lakini swali lake naamini kila mtu humu anaweza kuliingia. Mwaka 1963 mbunge mmoja wa India, Jaipal Singh Munda wa Ranchi, alikichukua Chama cha Jharkhand, chama alichokiasisi mwenyewe, akakiingiza chote ndani ya chama cha Congress. Chama hicho kilikuwa na dai moja kubwa: Waadivasi, yaani wenyeji wa asili wa nyanda za juu za Chota Nagpur na Santhal Parganas, wapewe jimbo lao na watoke chini ya Bihar. Congress ndiyo iliyotawala Delhi na Patna, makao makuu ya Bihar, na dai hilo lilikataliwa chini ya utawala wake. Hadi leo huko kwao wapo wanaosema nahodha aliuza mechi, na wapo wanaosema aliona dakika zimekwisha akaokoa alichoweza.

Msimamo wangu ninao na nitausema. Kwanza tumjue mtu mwenyewe, maana wengi wanaomhukumu huanza kuyasoma maisha yake mwaka 1963.

Alizaliwa Januari 1903 kijiji cha Takra, upande wa Khunti, katika jamii ya Wamunda. Alisoma shule ya misheni ya St Paul's mjini Ranchi, na mkuu wa shule, mchungaji Mwingereza, akaondoka naye kwenda Uingereza. Akafika Oxford, akasoma uchumi, akachezea chuo kikuu mpira wa magongo. Alikuwa tayari amechaguliwa kuingia utumishi wa juu wa serikali ya kikoloni, kazi iliyokuwa ndoto ya vijana wengi wasomi wa India, pale alipoitwa kuwa nahodha wa timu ya India kwenye Olimpiki ya Amsterdam ya 1928. Akaomba ruhusa, akanyimwa. Akaenda. Baadaye wakamtaka arudie mwaka wa mafunzo, naye akaiacha kazi yenyewe.

India ilitwaa dhahabu Amsterdam kwa kufunga mabao 29 bila kufungwa hata moja. Fainali ya tarehe 26 Mei dhidi ya Uholanzi iliisha 3–0, na nahodha hakucheza. Alikuwa ameshaiacha timu baada ya mvutano ambao sababu zake zinabishaniwa mpaka leo. Wasiompenda huunganisha mambo haya mawili: 1928 aliiacha timu kabla ya fainali, 1963 akakiacha chama kabla ya ushindi. Hoja hiyo naiona ya kumwonea. Mtu aliyetupa ajira ya maisha kwa ajili ya mashindano ya wiki chache si mtu wa kukimbia gharama.

Miaka ya 1930 alifundisha hata huku barani kwetu, katika chuo cha Achimota, Gold Coast, ambayo ndiyo Ghana ya leo. Kisha akarudi India, na Januari 1939 Waadivasi waliokusanyika Ranchi wakamfanya rais wa Adivasi Mahasabha, jumuiya yao ya kisiasa. Wakamwita Marang Gomke, Kiongozi Mkuu. Alikuwa na miaka 36, na sehemu kubwa ya ujana wake ilikuwa imepita mbali na nyumbani.

Hapa sasa ndipo ninapompenda mtu huyu. Bunge la Katiba la India lilianza vikao Desemba 1946. Nehru, aliyekuja kuwa waziri mkuu wa kwanza, akaweka mezani azimio la malengo ya taifa jipya, wakubwa wakapokezana kulisifu. Tarehe 19 Desemba akasimama Jaipal Singh. Alisema anajivunia kuwa mtu wa porini, lile jina ambalo wenzake walilitumia kama tusi. Akawakumbusha kwamba watu wake wamedharauliwa kwa miaka elfu sita. Akasema huwezi kuwafundisha watu wa makabila demokrasia, bali ni ninyi mtakaojifunza kwao, kwa sababu hakuna watu wa kidemokrasia kuwashinda. Na akasema ukumbi ule umejaa wanaume mno, wanawake waongezwe. Desemba 1946, tafadhali, mbele ya mawakili wakubwa wa nchi!

Ndani ya bunge hilo alipigania neno lenyewe “Adivasi” liingie katika katiba, akashindwa. Ambedkar, mwenyekiti wa kamati iliyoandika rasimu ya katiba, alijibu kwamba neno hilo ni la jumla mno, halina maana ya kisheria, na ndiyo maana mpaka leo sheria za India zinasema “makabila yaliyoorodheshwa”. Alipinga pia marufuku ya pombe. Wenzake waliona aibu, yeye akaeleza kwamba pombe ya mchele kwa watu wake ni sehemu ya ibada, na kwamba watu wanaoshinda siku nzima matopeni kupandikiza mpunga wanaihitaji. Unaweza kumpinga, lakini alikuwa anaongea kama mtu aliyewahi kusimama ndani ya jaruba.

Turudi kwenye chama. Kufikia 1950 Mahasabha iligeuzwa kuwa Chama cha Jharkhand, na mlango ukafunguliwa kwa wakazi wote wa nyanda zile, hata wasio Waadivasi. Alama yao ilikuwa jogoo. Uchaguzi wa 1952 wakapata viti 32 katika bunge la Bihar, wakawa chama kikuu cha upinzani. Mwaka 1955 tume ya kupanga upya majimbo ikatoa ripoti na kulikataa dai la Jharkhand. Sababu zake zilikuwa kwamba chama hakikuwa na wingi wa viti hata ndani ya eneo linalodaiwa, na kwamba Bihar ikiondolewa nyanda hizo uchumi wake utapoteza mizani. Sababu ya pili ieleweni vizuri: nyanda hizo ndizo zenye makaa ya mawe ya Jharia, madini ya chuma, na kiwanda cha chuma cha Tata kule Jamshedpur. Mkulima wa Kimunda alikuwa amekalia utajiri, na kwa sababu hiyo hiyo akaambiwa hawezi kwenda zake.

Baada ya hapo hesabu ikaanza kuwageuka. Migodi na viwanda vilileta wageni kwa wingi, na sehemu ya Waadivasi katika wapiga kura ikapungua. Mwaka 1957 chama kilishikilia karibu idadi ile ile ya viti. Mwaka 1962 vikashuka hadi 20. Mwaka uliofuata Jaipal Singh akavunja kambi.

Wanaomtetea wana hoja nzito, na sitaki tuzipite juu juu. Miaka kumi na mitatu ya upinzani haikuwa imeleta jimbo. Wabunge wake hawakuwa na uwezo wa kupeleka barabara wala kisima vijijini kwao, kwani fungu lilikuwa mkononi mwa Congress. Mgawanyiko kati ya Waadivasi Wakristo na wasio Wakristo ulikuwa unachochewa kila uchaguzi. Na mwaka 1967, miaka minne baada ya huo unaoitwa usaliti, wapiga kura wa Khunti walimrudisha bungeni Delhi, safari hii kwa tiketi ya Congress. Kama watu wake walimwona msaliti, mbona walimpa kura? Tangu 1952 mpaka alipofariki Machi 1970 kiti hakikumtoka.

Mimi nasema hakuuza mechi, lakini alikosea vibaya. Tazameni namba. Bunge la Bihar la 1962 lilikuwa na viti 318, na Congress ilikuwa na 185, wingi wa kutosha kabisa. Wabunge 20 wa Jharkhand hawakuwa na kitu cha kuipa Congress ambacho ilikuwa haina. Ukienda kwa mtu ambaye hakuhitaji, hupangi bei. Halafu angalieni 1967: Congress ikaanguka hadi viti 128, Bihar ikaingia katika serikali za mseto zilizokuwa zikianguka moja baada ya nyingine. Katika bunge la namna hiyo, kundi la wabunge 20 wenye dai moja ndilo linaloamua nani awe waziri kiongozi. Kwa mara ya kwanza tangu uhuru, kura za nyanda zile zingekuwa na bei Patna, na chama cha kuzipangia bei hakikuwepo. Kilikuwa kimevunjwa miaka minne kabla.

Najua mtaniambia hakuwa mtabiri. Sawa. Lakini chama hakikuwa shamba lake. Wapo wenzake waliokataa kumfuata, vikazaliwa vipande vipande vya Jharkhand, kila kimoja na mwenyekiti wake, na miaka ya 1960 ikaisha hivyo. Ilibidi waje akina Shibu Soren na Binod Bihari Mahato mwanzoni mwa miaka ya 1970, na chama chao cha Jharkhand Mukti Morcha, waanze upya vijijini kwa kupigania mashamba yaliyochukuliwa na wakopeshaji fedha. Huo ndio upotevu ninaouhesabu: kizazi kizima cha makada kilikosa chama.

Karibuni. Nitajibu kadiri ninavyoweza.

NYONGEZA, baada ya kusoma michango ya kwanza

Mkuu uliyeandika kwamba jimbo lilipatikana, kwa hiyo kosa la 1963 halikuzuia chochote: ni kweli, Jharkhand ilizaliwa tarehe 15 Novemba 2000, siku ya kuzaliwa ya shujaa wao Birsa Munda. Lakini pima ni Jharkhand ipi. Ile ya kina Jaipal Singh ilijumuisha maeneo ya Waadivasi yaliyo katika majimbo jirani ya Orissa, Bengal Magharibi na Madhya Pradesh. Iliyozaliwa mwaka 2000 imekatwa kutoka Bihar peke yake. Na ndani yake, kwa sensa ya 2011, Waadivasi ni kama asilimia 26 ya wakazi. Miaka 37 si kitu kidogo pale ambapo kila mwaka idadi yako inamezwa na ya wengine. Siwezi kusema mwaka 1967 wangepata jimbo zima. Nasema wangekuwa na cha kudaia.

Dada uliyesema tatizo lake ni Oxford, kwamba aliongea Kiingereza safi kuliko alivyowasikiliza wakulima: nakukubalia nusu. Elimu ile ndiyo iliyompa ujasiri wa kumjibu Nehru bila kutetemeka, na bila yeye sidhani kama wasomi wa Delhi wangelisikia neno Adivasi likitamkwa kwa fahari. Ila ni kweli chama kilimzunguka yeye mno. Jina moja, sauti moja, na jina hilo lilipohama hakukuwa na kikao chenye nguvu ya kulizuia. Kwa maoni yangu hilo ni kosa la miaka ya 1950, kabla hata ya 1963.

Na ndugu uliyeuliza kwa nini sikutaja Kharsawan, umenibana kwa haki. Tarehe 1 Januari 1948 maelfu ya Waadivasi walikusanyika katika mji huo mdogo kupinga eneo lao kuunganishwa na Orissa, na walikuwa wakimsubiri Jaipal Singh awahutubie. Hakufika. Polisi wakafyatua risasi. Taarifa za wakati ule zilitaja waliokufa 35, na masimulizi ya wenyeji yanataja mamia, mengine maelfu. Miezi michache baadaye Kharsawan na Seraikela zikahamishiwa Bihar, kwa hiyo waliokufa walipata walichodai. Sikuandika kwa sababu sikutaka kifo cha watu wale kiwe kijiti cha kumchapia mtu ambaye siwezi kuthibitisha alijua nini asubuhi ile. Ila ukiniuliza kama kumbukumbu ile inachangia neno “msaliti” kumganda, nitasema ndiyo. Kwa familia zilizozika watu siku hiyo, ya 1963 ilikuwa mara ya pili kumsubiri.

Tangu 2021 serikali ya Jharkhand inatoa ufadhili wa masomo wenye jina lake, ulioanza kwa kuwapeleka vijana wa Kiadivasi kusoma vyuo vikuu vya Uingereza. Serikali iliyoanzisha ufadhili huo inaongozwa na Hemant Soren, mtoto wa yule yule Shibu Soren aliyelazimika kuanza upya. Mchangiaji mmoja ameona hapo ushahidi kwamba historia imemsamehe. Mimi naona wamechagua kumkumbuka wa 1928 na wa 1946, wakamwacha wa 1963 mlangoni. Sidhani kama kumheshimu kunahitaji hivyo.

Kwa hiyo nabaki na swali moja kwa wanaotetea uamuzi wake, na naomba lijibiwe kwa tarehe na namba, siyo kwa wasifu: kati ya 1963 na 1970, ni kitu gani Waadivasi wa Chota Nagpur walikipata kwa kuwa na Jaipal Singh ndani ya Congress, ambacho wabunge 20 wa jogoo wasingeweza kukipata wakiwa nje?