Mjadala: Je, sinema ya Kimalayalam inastahili sifa ya kusema kweli?

Mzee wa Kariakoo: Naona sifa ya sinema ya Kerala, jimbo la India Kusini wanakozungumza Kimalayalam, imetiwa chumvi. Kila anayeitetea hukimbilia *Neelakuyil* ya mwaka 1954, ambamo mwalimu wa tabaka la juu anamtelekeza msichana wa tabaka la chini aliyempa mimba, kana kwamba picha moja yatosha kuipamba tasnia nzima. Wanaovumisha zaidi ni ndugu zetu wa Maskati, walioambukizwa mapenzi hayo na Wakerala wa kazini kwao.

Mkaazi wa Ruwi (Maskati): Kuambukizwa ni kwa maradhi, mzee wangu. Mimi nimeitazama *Chemmeen* ya mwaka 1965 kwa macho yangu mwenyewe. Wavuvi wa mle wanaamini kwamba mume aliye baharini hurudi salama iwapo mkewe aliye pwani amejitunza. Basi Karuthamma, aliyeolewa na mvuvi lakini ambaye moyo wake uko kwa Pareekutty, mfanyabiashara Mwislamu, anabebeshwa dhamana ya bahari nzima. Aliyekulia Pwani hahitaji Mkerala wa kumfafanulia hilo. Ndiyo picha ya kwanza ya India Kusini kupata Medali ya Dhahabu ya Rais.

Binti Mvita: Medali mnazihesabu, lakini Rosy hamumtaji. Katika *Vigathakumaran* ya J. C. Daniel, picha ya kwanza kabisa ya Kerala, P. K. Rosy, mwanamke wa Kidalit, yaani wa tabaka la chini kabisa, aliigiza kama mwanamke wa Kinair, moja ya matabaka ya juu, na watu wa tabaka la juu walighadhibika hata akalazimika kuukimbia mji. Sinema iliyoanza kwa kumfukuza mwigizaji wake wa kike wa kwanza iseme kweli ipi?

Mzee wa Kariakoo: Hiyo ni ya 1928, Bi. Zama zile tabaka lilitawala kila mahali.

Binti Mvita: Wapo watafiti wanaosema ni 1930, nawe umeshika tarehe ukaliacha jambo lenyewe. Tena zama hizo hazijapita. Kamati ya Jaji Hema, iliyoundwa mwaka 2017 kuchunguza hali ya wanawake katika tasnia hiyo, ilikabidhi ripoti Desemba 2019. Serikali ikaikalia hadi Agosti 2024, na ilipoitoa ilikuwa imefichwa baadhi ya sehemu.

Mkaazi wa Ruwi: Sasa umenisaidia, dada. Walioidai kamati hiyo ni wanawake wa tasnia yenyewe, waliounda umoja wao baada ya mwenzao kutekwa na kudhalilishwa mwaka huohuo wa 2017. Tena jumuiya yao ya filamu wameipa jina la Rosy. Niambieni ni tasnia gani nyingine ya India iliyofanya hivyo.

Binti Mvita: Waliofanya hivyo ni wanawake, kaka, wala si tasnia. Baadhi yao wamesema wazi kwamba tangu siku hiyo simu za kazi zimepungua.