Vitabu kuhusu nchi ya bayou, Louisiana: nianze na kipi?

Mkia_wa_Delta
Wakuu, habari za humu. Natafuta vitabu vya kuielewa nchi ya bayou, yaani kusini mwa Louisiana, Marekani, kule vijito vinakotambaa polepole katikati ya vinamasi hadi Ghuba ya Mexico. Nataka historia ya watu wake, mazingira, na maisha ya kila siku ya wavuvi na wakulima. Kingereza hakinipi shida. Tatizo ni kwamba orodha za mtandaoni zina vitabu hamsini hamsini, na nusu yake ni riwaya za mauaji na mapishi. Naomba vichache, na mnipangie: kipi kwanza, nini niruke, na kipi kimeshapitwa na wakati.

Fundi_Ramani
Mkuu, anza na mto, watu watafuata. Chukua The Control of Nature cha John McPhee (1989), usome sura ya kwanza tu, "Atchafalaya". Nyingine mbili zinahusu Iceland na Los Angeles, ziache kwa sasa. Hapo utaona kwamba mto Mississippi huhama njia kila baada ya karne nyingi, na safari hii unataka kuhamia mto Atchafalaya kwa sababu huko bahari iko karibu zaidi, takriban nusu ya umbali. Mwaka 1963 Kikosi cha Wahandisi wa Jeshi kilikamilisha milango ya maji ya Old River ili kuuzuia: asilimia 30 ya maji ishuke Atchafalaya, 70 ibaki Mississippi. Mafuriko ya 1973 yakachimba shimo chini ya lango kuu, ukuta wake wa ubavuni ukaanguka, na nusura mradi wote uende na maji. Ndiyo maana lango la ziada likaongezwa na kukamilika 1986. Bila kujua hilo, nusu ya vitabu vya Louisiana vitakupita.

Kinachofuata ni Rising Tide cha John M. Barry (1997), kuhusu mafuriko ya 1927. Kinene, na wengi hukwama mwanzoni kwa sababu sehemu ya kwanza ni ugomvi wa wahandisi wawili wa karne ya 19, James Eads na Andrew Humphreys. Usiiruke. Ndipo inapozaliwa sera ya kutegemea matuta peke yake: ubane mto pande zote, ziba matawi yanayoupunguzia maji. Tuta likipanda, maji yaliyobanwa nayo yanapanda, mnaongeza tuta. Unachoweza kupitia harakaharaka, kama shida yako ni bayou tu, ni kurasa za Greenville, maana mji huo uko jimbo la Mississippi. Ila tarehe 29 Aprili 1927 isome taratibu: tuta la Caernarvon lilipolipuliwa kwa baruti ili New Orleans inusurike, na maji yakaachiwa parishi za St. Bernard na Plaquemines. Wavuvi na wategaji walihamishwa kwa ahadi ya fidia. Walichokuja kupata wengi wao ni kiduchu.

(Parishi hapa haina kanisa ndani yake. Ndiyo wanachoita kaunti majimbo mengine.)

Bi_Nyaraka
Fundi kasema vizuri kuhusu mto, ila orodha nyingi za bayou huishia kwa Wacajun (wazao wa Wafaransa waliofukuzwa Kanada), kana kwamba matuta ya kwanza yalijijenga yenyewe. Walioyajenga ni watumwa wa Kiafrika. Kwa hiyo usikose Africans in Colonial Louisiana cha Gwendolyn Midlo Hall (1992). Anaonyesha kwamba sehemu kubwa ya Waafrika waliopelekwa wakati wa utawala wa Ufaransa walitoka Senegambia, na kwamba manahodha wa meli za mwanzo, 1719, waliagizwa wanunue mbegu za mpunga pamoja na watu wanaojua kuulima. Sura ya watoro ndiyo bora kuliko zote: watu waliojificha ndani ya misitu ya saiprasi nyuma ya mashamba, wakisafiri kwa mitumbwi, wakikata magogo na kuwauzia wenye viwanda vya mbao, huku wakipata habari kutoka kwa wenzao waliobaki mashambani. Kiongozi wao, San Malo, alinyongwa New Orleans mwaka 1784. Tahadhari moja: Hall anawapa Wabambara, watu wa Afrika Magharibi, uzito mkubwa, na wanahistoria waliokuja baadaye wamempinga, kwa hoja kwamba wakoloni walilitumia jina hilo kiholela kwa watu wa asili mbalimbali. Hoja zake nyingine haziporomoki kwa hilo.

Halafu Twelve Years a Slave cha Solomon Northup (1853). Wengi wanakijua kwa filamu tu, lakini kwa mahitaji yako ni kitabu cha kazi. Northup aliishi utumwani Bayou Boeuf, akapelekwa pia Bayou Salle wakati wa miwa, na anaeleza vifaa kama fundi: kisu cha kukatia miwa kina bapa la urefu wa inchi 15 na upana wa inchi 3 katikati, tena jembamba, na hakifai kitu kisiponolewa mara kwa mara. Anaeleza mtego wa samaki aliojitengenezea, jinsi ya kupanda miwa, jinsi pamba inavyopimwa jioni na nini kinampata aliyepungukiwa. Alipotoroka kupitia kinamasi cha Pacoudrie, ni maji yaliyowapoteza mbwa harufu yake.

Toleo ndilo la kuangalia. Matini ni ya bure, kwa hiyo kila mchapishaji kaitoa, mengi yakiwa hayana hata ramani. Tafuta lile lililohaririwa na Sue Eakin na Joseph Logsdon, LSU Press, 1968. Maelezo ya chini ya kurasa yanalinganisha majina na mashamba anayoyataja na hati za mahakama na rejista za wakati ule. Ukisoma lisilo na maelezo hayo, utadhani Bayou Boeuf ni mahali pa kubuni.

Mkia_wa_Delta
Asanteni sana. Sasa hao Wacajun wenyewe? Na kuna kitu kimoja kinanichanganya: vitabu vinataja ardhi kwa "arpent", mara kama urefu, mara kama eneo.

Mchambuzi_Pori
Vyote viwili ni sahihi, mkuu. Arpent ya urefu ni futi 192, kama mita 58.5. Ya eneo ni mraba wa hiyo, karibu ekari 0.85. Mgawanyo wa kawaida wa Wafaransa ulikuwa ukanda: upana wa arpent chache kwenye ukingo wa bayou, kina arpent 40, yaani kilomita 2 na ushee. Na sababu si ukaidi wa wapima. Mto ukifurika hutua mchanga mzito kwanza, karibu na ukingo, na tope laini hulipeleka mbali. Matokeo yake ardhi ya juu iko pembeni mwa maji, halafu inateremka pole pole hadi kinamasini. Kila familia ikapata mbele yake maji ya kusafiria, kisha nyumba na barabara, kisha shamba, na mwisho msitu wa saiprasi wa kuni na mbao. Ukiliweka hilo kichwani, maneno kama "mbele" na "nyuma" katika vitabu hivyo yatakaa sawa. Nyuma maana yake ni chini, kwenye maji.

Kwa Wacajun nenda kwa Carl Brasseaux. The Founding of New Acadia (1987) kinaanzia Acadia, Kanada ya leo, ambako Waingereza walianza kuwafukuza mwaka 1755, kikaendelea na makazi yao Louisiana kuanzia 1765 hadi 1803. Utakuta pia wale 1,600 hivi walioletwa kutoka Ufaransa mwaka 1785 kwa meli saba. Acadian to Cajun (1992) kinaendelea hadi 1877, nacho kinavunja picha ya kwamba wote walikuwa maskini wa kijijini: wako waliomiliki watumwa na mashamba makubwa. Baada ya hapo The Cajuns cha Shane K. Bernard (2003), karne ya 20: Kifaransa kilivyoondolewa madarasani baada ya katiba ya jimbo ya 1921, watoto wakaadhibiwa kwa kukizungumza, hadi jimbo lenyewe likaunda chombo cha kukifufua mwaka 1968.

Shairi la Evangeline la Longfellow (1847) lisome ukipenda, ila si historia. Yule binti ni wa kubuni, na bado ana sanamu katika mji wa St. Martinville.

Ukitaka bayou moja tu kutoka chanzo hadi mdomo, huyo huyo Bernard ana Teche (2016): nusu historia, nusu safari ya mtumbwi. Bayou Teche ina takriban kilomita 200 na inafuata njia ya zamani ya Mississippi, ndiyo maana kijito kinachoonekana kidogo kina kingo pana na za juu hivyo.

Chaza_na_Kamba
Niongeze upande wa mazingira na kazi, ambako ndiko vitabu huchakaa haraka.

Kwa kazi za kinamasini hakuna kinachoshinda Atchafalaya Swamp Life cha Malcolm Comeaux (1972). Ni utafiti wa jiografia, hakina madoido: uvuvi, magogo, nyumba zinazoelea, zana na namna zinavyotumika. Kisome pamoja na sera zilizofuata mafuriko ya 1927. Bonde la Atchafalaya lilizungushiwa matuta liwe njia ya kupitishia mafuriko, tope likaanza kutua ndani, na watu wakahamia nje ya matuta. Kijiji cha Bayou Chene kilikuwa na shule, makanisa na posta. Leo kiko chini ya mita kadhaa za udongo, makaburi yakiwemo.

Saiprasi nayo ina kanuni yake: mti mbichi ni mzito na unaweza kuzama, kwa hiyo wakata mbao waliuvua pete ya gome na kuuacha usimame ukauke kwa miezi, kisha wakaukata na kuuelekeza majini. Kuanzia mwishoni mwa karne ya 19 mitambo ya mvuke ikavuta magogo kwa kebo kutoka sehemu moja, na hadi miaka ya 1930 misitu mikubwa ya asili ilikuwa imekwisha. Ukitazama picha za angani utaona bado michirizi ya kebo hizo imetawanyika kama miale.

Kwa pwani ya magharibi, ambayo watu huisahau, kuna A Wetland Biography cha Gay Gomez (1998). Anafuata misimu: bata wa majira ya baridi, mamba, ng'ombe, uwindaji.

Sasa kupotea kwa ardhi. Bayou Farewell cha Mike Tidwell (2003) ndicho kinachosomeka kwa urahisi kuliko vyote, mwandishi akipanda boti za wavuvi wa kamba akishuka Lafourche na Terrebonne. Alitahadharisha kuhusu kimbunga miaka miwili kabla ya Katrina. Lakini takwimu zake usizinukuu leo. Makadirio ya wanajiolojia wa serikali, USGS, ni kwamba kati ya 1932 na 2016 pwani ilipoteza takriban kilomita za mraba 4,833, na kasi haikuwa moja: ilikuwa kali zaidi miaka ya 1970, zaidi ya kilomita za mraba 80 kwa mwaka, kisha ikapungua hadi karibu 28. Ule msemo kwamba ardhi ya ukubwa wa uwanja wa mpira wa Kimarekani inapotea kila nusu saa ni wa enzi nyingine.

Wala usikubali kitabu kinachotoa sababu moja. Matuta yameinyima delta tope. Lakini soma pia American Energy, Imperiled Coast cha Jason Theriot (2014) kuhusu mafuta na gesi. Mfereji wa kupitisha mtambo wa kuchimba mafuta huchimbwa ukanyooka, na udongo wake hurundikwa kando. Rundo hilo linazuia maji kuingia na kutoka, nyasi upande mmoja zinazama. Upande mwingine mfereji unaingiza chumvi hadi ndani, nyasi za maji yasiyo na chumvi zinakufa. Mizizi ikishaoza hakuna kinachoshika tope, kingo zinamomonyoka, na mfereji wa mita 20 unakuwa wa 60. Ongezea nutria, panya-maji mkubwa wa Amerika Kusini anayekula mizizi. Jimbo linalipa dola 6 kwa kila mkia tangu 2019.

Fundi_Ramani
Hapo kwa Theriot naunga mkono. Tidwell mimi ningemweka mwisho, kwa sababu anakuvuta kwa huruma kabla hujajua mto unafanyaje kazi. Tena suluhisho analolipigia debe, kufungua tuta ili tope lirudi kinamasini, limeshabadilika sura. Mradi mkubwa wa aina hiyo, Mid-Barataria, ulianza 2023 ukafutwa Julai 2025, gharama zikiwa zimefika karibu dola bilioni 3. Wavuvi wa chaza na kamba waliupinga kwa sababu maji mengi yasiyo na chumvi huua chaza na kusukuma kamba mbali. Kitabu chochote cha kabla ya 2025 kinachosema "utajengwa", kiwekee alama.

Mkuu, soma ukiwa na ramani mbili pembeni. USGS wanatoa ramani zao za zamani bure kwa kupakua. Chukua Leeville au mdomo wa Mississippi, toleo la kale unalolipata, na picha ya satelaiti ya leo. Usishangae jina la ghuba au bayou kukosekana kwenye ramani mpya: katika parishi ya Plaquemines pekee majina zaidi ya 30 yalifutwa kwenye chati za baharini miaka ya 2010, kwa kuwa kilichotajwa kimeshamezwa na maji wazi. Ukikutana na jina lisiloonekana, tafuta kwanza kwenye ramani ya zamani kabla ya kudhani mwandishi kakosea.

Mkia_wa_Delta
Basi mpangilio wangu: McPhee, Barry, Hall, Northup toleo la 1968, Brasseaux wa kwanza, Comeaux, Theriot, Tidwell mwisho. Kuhusu wenyeji wa asili, kina Houma na Choctaw, kuna kitabu?

Bi_Nyaraka
The Historic Indian Tribes of Louisiana cha Kniffen, Gregory na Stokes (1987). Kiingize kabla ya Hall. Kwa ya sasa, Isle de Jean Charles, kisiwa cha Choctaw kilichobakiwa na asilimia 2 tu ya ardhi yake ya 1955, habari zake ni za baada ya kitabu hicho. Familia za kwanza zilihamia makazi mapya karibu na Schriever mwaka 2022, kwa fedha za serikali kuu, dola milioni 48. Hiyo itafute kwenye magazeti.