Vibali vya kuhamisha udongo vinakaliwa ofisini, mashimo yanajaa maji. Nairobi tutajenga vipi?

Wadau, leo nimechoka na nitasema yote. Niko kwenye mjengo upande wa Eastlands na rundo la udongo mweusi limeshapita urefu wa geti. Michoro imepitishwa, mhandisi amekagua, ada imelipwa na risiti ninayo. Kilichobaki ni kibali cha kuhamisha udongo huu hadi mahali pa kuumwaga, na mwenye shamba la kuupokea ameshaandika barua ya kukubali. Ombi liliingia ofisini kabla ya mvua kuanza. Mpaka leo naambiwa, "Faili iko kwa mkubwa, kuja wiki ijayo."

Ambao hamjawahi kujenga Embakasi au South C, jueni kwamba udongo wa huko haujengewi. Ukilowa unavimba, jua likiwaka unanywea na kupasuka. Ni lazima uuondoe wote mpaka ufikie murram (udongo mgumu wa changarawe) au mwamba, ndipo ujaze mawe na uanze msingi. Kuurudisha chini ya sakafu huwezi, utakuinulia nyumba. Sasa chukua ploti ya futi hamsini kwa mia. Ukichimba mita 300 za mraba kwa kina cha mita moja na nusu, umetoa mita 450 za ujazo. Udongo ukishachimbwa hulegea, na ukiongezeka kwa asilimia 30 tu unapata mita 585. Kwa lori linalobeba mita 12 za ujazo, hizo ni karibu safari 50. Mtu anayekwambia "subiri tu" anafikiri safari 50 za udongo zitakaa wapi ndani ya ploti hiyo hiyo?

Mvua nayo haikusubiri faili. Shimo limejaa maji, tunapiga pampu asubuhi, usiku linajaa tena. Ardhi ya chini iliyokuwa ngumu imelainika na mhandisi ameagiza tuichimbe na kuitoa, yaani udongo mwingine juu ya ule ambao hauna kibali. Ukingo wa upande wa jirani umeanza kumeguka. Tumeushikilia kwa mbao, lakini ukuta wa mama wa watu umeshafanya ufa unaoingia kidole. Jana alisimama pale akaniuliza, "Kijana wangu, huu ukuta ukiangukia wajukuu wangu nitaenda kwa nani?" Nilimwambia tutaujenga upya kwa gharama yetu, na tutaujenga. Lakini aliyelaza lile karatasi mezani hatamwona huyu mama hata siku moja.

Gharama za eskaveta iliyosimama sizungumzii sana, kila kontrakta anazijua. Vibarua ndio wananiuma. Wanafika getini alfajiri wakiwa wametembea ili waokoe nauli, nawaambia leo hakuna kazi, wanageuka.

Na kuna jambo ambalo haliwezi kuachwa hivi hivi. Giza likiingia malori yanatembea. Yanamwaga udongo kando ya Mto Ngong, kando ya barabara, popote penye bonde, bila kibali na bila barua ya mtu yeyote. Wenyewe wanamaliza msingi kwa wakati. Mimi nikitoa lori moja mchana bila karatasi, linakamatwa kabla halijafika barabara kuu. Aprili 2024 tuliona Mathare na Mukuru zikigharikishwa na mito kufurika, watu wakafa. Kila lori linalomwagwa ukingoni linaubana mto zaidi. Kibali kimewekwa ili udongo usifike huko. Kikicheleweshwa hivi, anayeumia ni yule aliyekwenda kukiomba, na mto bado unajazwa.

Juzi nje ya ofisi kijana mmoja alinifuata akaniambia kuna "njia ya kuharakisha". Sikutoa kitu na sitatoa. Ada ya serikali nimeshalipa.

Kifungu cha 47 cha Katiba ya 2010 kinampa kila mtu haki ya kuhudumiwa na serikali kwa haraka na kwa haki, na uamuzi ukimuumiza apewe sababu kwa maandishi. Bunge likatunga sheria yake mwaka 2015. Kama ombi langu lina kasoro, niandikieni nirekebishe. Kama mmekataa, niandikieni nijue pa kukata rufaa. Kukaa kimya juu ya faili la mtu huku mvua inanyesha ni kumnyima haki yake.

Ninachotaka ni tarehe ya mwisho ya kujibu, ibandikwe dirishani na kila mtu aisome. Wenzangu mliokwama na udongo, wekeni hapa mtaa wenu, mwezi mlioomba, na kama mmewahi kupata jibu lolote la maandishi. Barua ya malalamiko nimeshaanza kuiandika na ninaipeleka Jumatatu. Anayetaka jina lake liwemo anitumie ujumbe kabla ya Jumamosi.