Yule mweusi wa Commando na yule wa Predator anayejikwangua kwa wembe mkavu: mtu mmoja au wawili?

Fundi_Mafriji_Makorora (mleta mada)

Wakuu, habari za jioni. Nisaidieni kumaliza ubishi ulioanza niko darasa la sita. Leo nina mjukuu na bado haujaisha.

Wa Tanga wa rika langu mtakumbuka mabanda ya video ya Ngamiani. Bara haikuwa na televisheni yake mpaka 1994. Wenye uwezo walisimamisha antena ndefu kama mlingoti wa jahazi wakawa wanakamata picha za Zanzibar, sie wengine tukawa na mabanda. La kwetu lilikuwa la makuti, mabenchi ya mbao, deki moja, na TV juu ya kabati la vyombo. Kiingilio shilingi ishirini. Ukikosa, unachungulia kwenye tundu la kuti mpaka ufagio ukupate.

Commando, ile filamu ya Arnold Schwarzenegger, tuliitazama mpaka mkanda ukawa chenga tupu. Kila mtu alikuwa na Arnold wake, steringi hafi, hilo tunalijua. Mie macho yangu yalikuwa kwa yule jamaa mweusi, mrefu, kichwa kimenyolewa, sauti kama inatoka ndani ya pipa. Anaingia duka la magari, anaisifia Cadillac taratibu, muuzaji anachangamka akijua riziki imeingia. Jamaa anaiwasha na kumgonga nayo mlemle ndani ya duka! Baadaye anapigana na Arnold kwenye chumba cha gesti, wanavunja ukuta wanaangukia chumba cha pili ambako mko watu wawili kitandani. Hapo mwenye banda alikuwa anasimama mbele ya TV na kanzu yake, anakunjua mikono, hatuoni kitu. Akiondoka, jamaa ameshachomwa na mguu wa meza na amekufa. Kwa hiyo kifo chenyewe nilikuja kukiona vizuri nikiwa mtu mzima.

Halafu ikaja Predator, filamu nyingine ya Arnold. Mle kuna askari anaitwa Mac, mweusi, mrefu, sauti ileile. Nikamwambia kaka yangu, huyu ndiye yule wa Commando. Akasema haiwezekani, yule amekufa. Tukawekeana sahani ya mihogo na pweza. Mpaka leo hajalipa mtu.

Juzi kijana wangu kaniletea flashi ya tamthilia, Black Lightning. Katokea mzee mmoja ajenti wa serikali, Odell. Hajamaliza sentensi ya kwanza nikaweka chini kikombe. Ile sauti! Nani huyu? Na hawa watatu ni mtu mmoja?

Mpita_Njia77

Huyo ni Carl Weathers mkuu, yule bondia Apollo wa filamu za Rocky. Funga uzi tukalale.

Binti_Chumbageni

Uzi usifungwe. Carl Weathers kwenye Predator ni Dillon, yule anayekatwa mkono. Fundi anauliza Mac, na Mac ni Bill Duke. Wote watatu ni yeye: Cooke wa Commando mwaka 1985, Mac wa Predator 1987, na Odell. Kaka yako anadaiwa mihogo.

Sasa kaa vizuri kaka Fundi, maana nina jingine. Mie sikukulia mabandani, baba angeniua. Nimesoma bweni la wasichana, na sista mmoja alikuwa na mkanda wa Sister Act 2, ile ya Whoopi Goldberg na watoto wa kwaya, Lauryn Hill akiwa bado msichana mdogo. Jumapili jioni tulikuwa tunausimamisha na kuurudisha, kila mtu anashika sauti yake, alto huku, soprano kule. Yale majina yanayopanda mwisho nilikuwa nayajua kwa kichwa kama litania. Mwongozaji: Bill Duke. Miaka yote nilimpigia picha kizungu fulani cha miwani, mpole, anapenda kwaya.

Nimeolewa, mume wangu ni mtoto wa Barabara ya 8, wa mabandani haswa. Siku moja anatazama Predator na majina yanapita, namwona Bill Duke. Nikasema majina yamegongana. Hayakugongana. Aliyemgonga muuzaji na Cadillac ndiye aliyewapanga wale watoto wa kwaya, 1993.

Fundi_Mafriji_Makorora

Dada, subiri. Yule? Yule na masista?

Nimesimama kazi. Friji la watu liko wazi hapa limelala chali.

Niwaambie kwa nini limenigusa. Kwenye Predator kuna mambo yake mawili. La kwanza, rafiki yake anauawa, anaokota ile bunduki ya mitutu inayozunguka anafyeka msitu mpaka risasi zinaisha, wenzake nao wanaungana naye. Hilo kila mtoto wa Ngamiani aliliiga kwa ufito wa mkuti na mdomo. La pili ni wembe. Ana kijiwembe cha plastiki, hana maji, hana sabuni, anajikwangua shavu huku macho yako msituni. Hasemi kitu. Baadaye anakandamiza mpaka damu inachuruzika na bado hasemi.

Mie nikaona huo ndio uanaume. Nikachukua wembe wa mjomba, ule wa bapa wa kuwili, nikaenda nyuma ya choo, miaka kumi na mitatu, unywele mmoja sina. Nikatazama ukuta kama yeye anavyotazama msitu. Nikavuta. Bibi yangu alinikuta na kanga yake imelowa, akanipaka kahawa ya unga kwenye jeraha na makofi juu yake. Kovu liko hapa chini ya sikio la kushoto, wateja wakiuliza nasema ni ajali ya baiskeli.

Kwa hiyo mtu aliyenipa kovu simjui jina miaka yote, halafu mke wangu anaimba nyimbo za filamu yake jikoni!

Mzee_wa_Kahawa_Raskazone

Nyie watoto mmeanzia katikati. Mie nilikuwa baharia. Meli yetu ilikwama Piraeus, bandari ya Ugiriki, kwa matengenezo, tukaingia sinema kukwepa baridi. Ilikuwa Car Wash, filamu ya 1976, ya siku moja tu kwenye sehemu ya kuoshea magari kule Los Angeles. Ya kuchekesha, muziki mtindo mmoja. Lakini mle kuna kijana mmoja hacheki. Jina lake Duane, amelikataa, anataka aitwe Abdullah Mohammed Akbar. Wenzake wanamtania, yeye amekaza uso. Mie na wenzangu wa Pwani tuliposikia jina hilo tukanyanyuka kwenye viti.

Mwisho anarudi na bastola kuchukua hela za bosi. Yule mzee mfanyakazi, Lonnie, anamzungumzisha taratibu. Na lile pande la mtu linavunjika, linalia kifuani kwa mzee. Sinema nzima ilikuwa inacheka dakika tano nyuma, ikawa kimya. Ndiyo filamu yake ya kwanza hiyo. Nilipomwona kwenye mikanda yenu anachomwa na miguu ya meza, nilisikitika kidogo, kusema kweli. Mtu anayejua kulia vile unampa kazi ya kugonga watu na gari?

Mpita_Njia77

Nafuta kauli yangu ya Carl Weathers. Ila mzee, kazi ni kazi, kodi ya nyumba hailipwi kwa kulia.

Binti_Chumbageni

Mzee shikamoo. Umesema kweli, lakini tazama alichokuwa anakifanya katikati ya vifo hivyo. Alizaliwa 1943 Poughkeepsie, jimbo la New York, akaanzia jukwaani. Miaka ya 80 watu wanamwona anakufa kwa Arnold, yeye yuko nyuma ya kamera za televisheni. Aliongoza vipindi vya Dallas, Knots Landing, Hill Street Blues, Miami Vice. Alikuwa pia baba wa familia kwenye tamthilia ya Palmerstown, 1980, ya Norman Lear na Alex Haley, huyo mwandishi wa Roots. Ile Dallas ya matajiri wa mafuta, kofia na wivu, baadhi ya vipindi vilipangwa na jamaa yenu wa wembe.

Halafu 1991 akaongoza A Rage in Harlem, ikaingia kwenye mashindano ya tamasha la filamu la Cannes. Mwaka uliofuata Deep Cover, Laurence Fishburne akiwa polisi aliyejificha kati ya wauza unga. Hiyo mume wangu anaiweka juu ya zote. Mwaka baada ya huo ndiyo masista wangu.

Na mwaka huohuo wa masista akatokea kama mpelelezi kwenye Menace II Society. Tukio moja tu. Kakaa mezani na kijana, anamrudisha kwenye maelezo yake polepole mpaka kijana anajikanyaga mwenyewe. Hapigi meza, hanyanyui sauti. Dakika chache, anaondoka, na watu wanaikumbuka kuliko filamu nzima za mastaa wengine. Sie watu wa Tanga tunasemwa waja leo waondoka leo. Yeye huyo ndiye haswa, kila filamu anakuja anaondoka, ila huwezi kusema hukumwona.

Fundi_Mafriji_Makorora

Asanteni sana. Dada, mzee, mmenitoa gizani. Mpita Njia na wewe asante, kila banda lilikuwa na mtu wako.

Nimempigia kaka yangu sasa hivi, yuko Muheza anapakia machungwa. Nimemsomea yote, kuanzia Car Wash mpaka masista. Amenyamaza mpaka nikadhani vocha imeisha. Nikamwambia, basi leta mihogo na pweza, nakuhesabia bei ya zamani. Akaniambia, sawa, lakini unijibu kitu kimoja kwanza.

"Kama ni mtu mmoja, Commando si alikufa?"

Nimekata simu. Friji la watu linaningoja.