Mjadala: Mwimbaji mwenye jina apewe uhusika mkuu moja kwa moja, au apange foleni kama wengine?

Mleta mada

Wakuu, nasema wazi: Harry Styles, mwimbaji aliyetokea kundi la One Direction, kwenye filamu amebebwa na jina.

Mwaka 2017, kwenye Dunkirk, filamu ya vita ya mwongozaji Christopher Nolan, alikuwa askari mmoja kati ya wengi, maneno machache, na aliitendea haki nafasi yake. Kumbukeni pale wamejificha ndani ya boti iliyokwama ufukweni, wanasubiri maji yajae. Anamgeukia mwenzao aliye kimya muda wote, anadai ni jasusi wa Wajerumani, kumbe masikini ni Mfaransa tu. Woga umeshakuwa ukatili, na unauona usoni kwake.

Baada ya hapo ni kipande kidogo mwishoni mwa filamu ya Eternals (2021), halafu ghafla 2022 anapewa uhusika mkuu kwenye filamu ya Don't Worry Darling, mkabala na mwigizaji Florence Pugh. Angalieni ule ugomvi wao. Pugh anapanda taratibu mpaka unamwogopa, huyu mwenzake anapaza sauti tu. Kipande hicho kilizunguka mitandaoni kabla filamu haijatoka, watu wanacheka. Kijana aliyetoka chuo cha sanaa, asiye na jeshi la mashabiki wa One Direction, angevurunda vile na bado akaitwa tena?

Mchangiaji wa kwanza

Mkuu, umechagua mfano unaokufaa. Mbona mwimbaji Billie Piper humtaji? Mwaka 1998, akiwa na miaka 15, wimbo wake wa kwanza ulishika namba moja Uingereza. Tamthilia ya televisheni ya Doctor Who iliporudi 2005 naye akiwemo, wapo waliobeza: huyu binti wa pop ataweza wapi? Akaweza.

Halafu 2016 akaingia jukwaani ukumbi wa Young Vic, London, kwenye tamthilia ya Yerma. Waigizaji walikuwa ndani ya chumba cha vioo, watazamaji pande mbili, huna pa kujificha. Akacheza mwanamke anayetamani mtoto mpaka akili inamruka, na 2017 akabeba Olivier, tuzo kubwa ya tamthilia za jukwaani Uingereza, ya mwigizaji bora wa kike. Angefungiwa mlango kwa sababu aliwahi kuimba, nani angepata hasara?

Mleta mada

Billie nampa heshima zake zote, ila umenisaidia hoja. Aliuacha muziki, na shule ya sanaa aliipitia tangu utotoni. Styles 2022 hiyohiyo alitoa albamu ya Harry's House, akawa katikati ya ziara ya dunia, na filamu mbili zikatoka, Don't Worry Darling na My Policeman. Kwenye muziki simgusi, albamu ile ilichukua Grammy ya albamu bora ya mwaka na ilistahili. Ila uigizaji kaufanya kibarua cha msimu.

Mchangiaji wa pili

Nyote mnawaandama wasanii na kumwacha mwenye hela. Pale London tamthilia ya 2:22 A Ghost Story ilimchukua mwimbaji Lily Allen mwaka 2021, hajawahi kukanyaga jukwaa la tamthilia, akaishia kupendekezwa kuwania Olivier (baba yake Keith Allen ni mwigizaji, kwa hiyo damu ipo). Mwaka 2023 uhusika uleule akapewa Cheryl wa kundi la muziki la Girls Aloud. Hiyo imetokea tu kwa bahati? Tiketi zinanunuliwa kwa jina. Hata hiyo Don't Worry Darling mnayoicheka iliongoza sokoni Marekani wikendi yake ya kwanza. Wewe ungekuwa prodyuza ungemwacha?

Mleta mada

Nisingemwacha. Ningempa nafasi ya ukubwa wa ile ya Dunkirk. Mashabiki walijaa kumwona hata akiwa askari wa pembeni, na uhusika mkuu akapewa Fionn Whitehead ambaye hakuna aliyekuwa anamjua. Nolan alipata jina na akapata mwigizaji. Hao wengine niambieni wanashindwa nini.